Moyo wa Mkate

"Ule wimbo wa mwisho wa mumeo, Madamu Rouvier, kweli aliuandika akiwa kitandani?"

Aliyeniuliza ni Madamu Cauchois, jirani yangu wa ghorofa ya chini, tukiwa uani tunaanika mashuka. Ilikuwa mwaka sitini na mbili, baada ya Pasaka, na mume wangu alikuwa na majuma sita kaburini. Filamu yake ya mwisho ilikuwa ndiyo kwanza imeanza kuonyeshwa, na watu walikuwa wakitoka ukumbini midomo imefungwa huku ule muziki wa mwisho unawatoka puani, wenyewe hawana habari.

Nilikuwa na kibanio cha nguo kati ya meno. Ningeweza kukiacha palepale, nikatikisa kichwa tu. Nilikitoa, nikasema, "Ndiyo. Kitandani, penseli mkononi."

"Yesu wangu!" akasema. "Wangu mimi akishikwa na mafua hata kijiko cha supu hakishiki, namlisha kama kifaranga. Wako anakata roho huku anaandikia fidla arobaini!"

"Fidla ishirini na mbili," nikasema.

Katika yote niliyotenda, hilo bado linaniumbua nikilikumbuka, kwamba nilidanganya kisha nikamsahihishia idadi ya fidla.

Madamu Cauchois hakuwa mtu wa kukaa na neno tumboni. Kufikia Jumapili duka la mkate lilijua. Kufikia mwezi wa sita gazeti moja la Paris liliandika habari ya mtunzi aliyemaliza wimbo wake na pumzi yake siku moja. Tangu hapo watu wameoana nao ule wimbo, wamezikana nao. Nimeusikia kwa daktari wa meno, mdomo wazi, siwezi hata kusema basi.

Mimi shule yangu ni ya msingi. Nilipata cheti nikiwa na miaka kumi na miwili, mwandiko wangu ukasifiwa, kisha nikapelekwa kuosha glasi kwenye ukumbi wa dansi kando ya mto Marne. Anselme alikuwa akipiga akodiani pale Jumapili. Baba yake alikuwa mwoka mikate kule Arras, naye alikuwa ametoka kwao na zawadi ya kwanza ya chuo cha muziki pamoja na suruali moja. Alipenda kuniambia, "Norine, mimi nimesomea muziki wa makanisa, nimeishia kuwachezesha wauza nyama."

Aliingia kwenye filamu kwa sababu ya mvua. Mtunzi aliyeitwa kwenye studio ya hapa kwetu Joinville alikwama njiani, okestra imeshakaa, saa inakwenda. Mtu akakumbuka kwamba yule wa akodiani anajua kuandika noti. Anselme aliandika dakika mbili za muziki juu ya kifuniko cha kinanda huku wapiga tarumbeta wakimaliza sigara zao. Kuanzia siku ile hadi kufa kwake alifanya filamu thelathini na moja, ukitoa ile miaka minne aliyokuwa mfungwa wa vita.

Watu hudhani mtunzi wa filamu hukaa dirishani akingoja mbayuwayu. Anselme alikuwa akiletewa karatasi iliyopigwa taipu. Sekunde ya sifuri, mwanamke anafungua barua. Sekunde ya kumi na tisa, anaketi. Sekunde ya thelathini na moja, analia, lakini mlio wa treni unamfunika, kwa hiyo usiweke filimbi hapo. Yeye anakaa kwenye kinanda, mimi nasimama nyuma yake na saa ya kupimia sekunde, namwitia: "Barua. Ameketi. Treni." Akizidisha sekunde mbili anarudia. Katika ndoa yetu yote, sifa yangu mimi ilikuwa kidole gumba. Alisema hakuna studio yenye kidole kama changu.

Kazi yangu ya pili ilikuwa kufuta. Anselme aliandika kwa penseli kwanza, na karatasi ya muziki tangu wakati wa vita tulikuwa tumezoea kuitumia mara mbili na tatu. Raba hakuitaka, alisema inachuna karatasi. Kwao walifuta kwa mkate. Unachukua ule wa jana, unatoa sehemu laini ya ndani, wao waliita moyo wa mkate, unaukanda kwa vidole mpaka uwe kama udongo, kisha unasugua taratibu, noti zinaondoka na makombo. Na kabla ya kukata mkate wowote nyumbani kwetu, unaugeuza na kuuchora msalaba chini yake kwa ncha ya kisu, kuubariki. Mama yake alimfunza hivyo, na wangu alinifunza hivyo. Hata mkate wa kufutia.

Halafu alikuwepo Madmazeli Solange Pruvost.

Alikuwa mnakili. Mtunzi akimaliza, kuna mtu lazima aiandike safi kwa wino, kisha amtolee kila mpigaji karatasi yake, wa fidla zake, wa tarumbeta zake. Solange alikuja kwetu akiwa na miaka ishirini na mitano, mwembamba, miwani, rula yake ndani ya mfuko wa flaneli kama kijiko cha fedha. Alikaa kwenye meza yangu ya kulia chakula miaka kumi na mitatu. Naye alikuwa na zawadi ya chuo, ya kwanza kama Anselme, lakini nani alimwita mwanamke akamwambia tutungie filamu?

Nawasikia mpaka leo.

"Bwana Rouvier, hii noti klarineti haina."

"Basi itafute, Madmazeli Nukta, huenda ameificha."

"Nimempa mwenye fagoti."

"Ataiangusha, yule! Haya, mpe. Umepunguza na hapa?"

"Mipigo miwili. Ilikuwa inajirudia."

"Ilikuwa inajirudia kwa makusudi!"

"Ndiyo, Bwana Rouvier. Nilisikia. Ndiyo maana nimepunguza."

Naye Anselme anacheka mpaka anakohoa. Mimi niko jikoni na viazi vyangu. Wacha nieleweke, hapakuwa na jambo baya baina yao, naapa mbele ya Mungu. Ningekuwa na la kuwashutumu, pengine ningelala vizuri. Walikuwa wakizungumza tu lugha ambayo mimi niliipimia sekunde.

Kwaresima ya mwaka ule wa sitini na mbili mapafu ya Anselme yalikuwa yamekwisha. Filamu ilikuwa ya mwanamke mlinzi wa milango ya maji kwenye mfereji wa mashua, mumewe amekufa majini, naye anabaki na ufunguo. Vipande kumi vya muziki. Okestra ilikuwa imeitwa ije kurekodi Alhamisi. Kufikia Jumanne vilikuwa vimekwisha tisa, kimebaki kile cha yule mwanamke akitembea kando ya maji mpaka picha inafifia. Dakika tatu na sekunde kumi.

Jumanne baada ya chakula cha mchana nilimwekea ubao mapajani kitandani. Aliishika penseli muda mrefu. Kisha akaiweka juu ya shuka, taratibu, kama mtu anayerudisha kitu cha watu.

"Sina kitu, Norine."

"Pumzika kidogo."

"Nimepumzika. Hakuna kitu."

Nilitoka, nikamwambia Solange. Alisogeza wino wake, akavuta karatasi tupu, akachukua penseli yangu ya orodha ya sokoni. Baada ya muda akaniuliza bila kuinua kichwa, "Saa ipo, Madamu?" Nikaitoa kwenye mfuko wa aproni. Nikasimama nyuma yake kama nilivyosimama nyuma ya mume wangu. Mtoni. Anageuka. Daraja. Anaendelea. Hakuzidisha hata sekunde moja mara ya kwanza.

Saa kumi na moja hivi akaupiga wote kwenye kinanda, polepole, mlango wa chumbani wazi. Nilikuwa nimekaa pembeni ya kitanda. Anselme alifumbua macho, akasikiliza mpaka mwisho. Mkono wake ulikuwa ndani ya wangu, nikahisi vidole vinahesabu.

"Mimi sikuandika hiyo," akasema.

"Solange."

"Najua ni Solange." Akangoja pumzi. "Mwambie aandike jina lake."

Maneno yake ya mwisho kwangu ni hayo. Hakusema jina langu, wala habari za siku zetu za mtoni. Kesho yake saa nne asubuhi alifariki, Padri ameshampaka mafuta.

Jumanne ile Solange alikuwa amesimama pale mlangoni, mikono ameikunja mbele kama mtoto wa Komunyo ya kwanza. "Amesemaje?"

"Amesema inafaa," nikamjibu.

Uso ukamwiva. Akarudi mezani, na kwenye pembe ya juu ya karatasi, upande wa kulia, pale linapoandikwa jina la mtunzi, akaandika lake kwa penseli, herufi ndogo sana. Hakuna aliyekuwa amemwambia. Nadhani alikuwa anajaribu tu kuona linakaaje.

Jumatano alikuja mchana, macho mekundu, akaandika kila kitu kwa wino juu ya karatasi ileile maana muda haukuwepo. Chumba cha pili Anselme amelazwa, mapazia yamefungwa, tawi la kunyunyizia maji ya baraka kifuani. Saa ya ukutani nilikuwa nimeisimamisha kama desturi ya msiba. Ile ya sekunde nilikuwa nimeisahau mfukoni, inakwenda. Alipomaliza, aliniita.

"Madamu Rouvier, jina nimeliacha kwa penseli. Wewe utajua. Ukisema wino, nitaandika wino. Ukisema hapana, si neno."

"Nitatazama," nikasema.

Akaondoka na karatasi za wapigaji. Mtu wa studio angepita saa kumi na mbili kuchukua ile ya kiongozi wa okestra, na watu wa kukesha na maiti walikuwa wameanza kuja, lazima niwakatie mkate. Niliuchukua, nikaugeuza, nikauchora msalaba. Nikakata. Na mkono wangu, wenyewe kwa mazoea, au basi nisiseme wenyewe, mkono wangu ukatoa moyo wa ule mkate nikaukanda. Nilikwenda mezani nikasugua ile pembe. Lilitoka upesi, jina dogo lile. Kisha nikachovya kalamu ya Solange kwenye wino wa Solange, nikaandika A. Rouvier, kwa ule mwandiko wangu wa shuleni, R yenye mkia mnene.

Makombo niliyakusanya kiganjani. Sikujua niyaweke wapi, ni mkate uliobarikiwa. Nikayala.

Jumamosi baada ya mazishi Solange alinisogelea kwenye lango la makaburi. Alikuwa ameshaiona ile karatasi studio. "Madamu, samahani, si siku yake. Lile jina..."

"Anselme alitaka lifutwe," nikasema. "Alitaka filamu yake ya mwisho iwe yake yote."

Hapo ningeweza kusema ni mimi. Lakini nilikwenda kulitia neno kinywani mwa maiti ambaye bado udongo wake ulikuwa mbichi.

Solange alivua miwani, akaifuta, akaivaa. "Ah," akasema. "Basi. Ilikuwa haki yake." Akanibusu mashavu yote mawili. Hakurudi tena nyumbani kwangu. Nilisikia kwamba ameacha kunakili, na kwamba wale waliomwomba awaandikie hata wimbo wa harusi aliwaambia hajui kutunga.

Mnaweza kudhani nilifanya kwa ajili ya heshima ya Anselme. Nilijiambia hivyo miaka mingi. Lakini heshima ya Anselme ilikuwa na filamu thelathini zikiilinda. Nilifanya kwa sababu maneno yake ya mwisho alimpa yeye, tena akanituma mimi nikayapeleke.

Niliungama, ndiyo, Pasaka ileile. Nilimwambia padri mzee wa wakati ule, "Nimesema uongo kuhusu marehemu mume wangu." Akanipa Salamu Maria kumi. Nilichagua maneno kama mtu anayechagua machungwa, na nilijua. Miaka ishirini na miwili nimepokea Komunyo juu ya Salamu Maria kumi zile. Tena walipoturuhusu kupokea mkononi, nilinyoosha mkono uleule.

Mwaka huu, mwezi wa tisa, alikuja Bwana Daubresse wa ofisi ya meya, kijana nadhifu, viatu vinang'aa. Shule ya muziki ya mji inafunguliwa, itaitwa jina la Anselme. Wanaomba ile karatasi ya wimbo wa mwisho, ikae mlangoni ndani ya sanduku la kioo, imefunguliwa ukurasa wa kwanza.

Ilikuwa kabatini kati ya mashuka tangu studio walipoirudisha. Nikaitoa. Aliishika kama mtu anayeshika mtoto wa mwenzake.

"Hapa juu pamechakaa kidogo," akasema.

"Mume wangu alikuwa akifuta sana," nikasema. Palepale, bila hata kumeza mate. Nina miaka sitini na tisa.

"Inapendeza! Inaonyesha kazi. Na tumemwalika pia Madmazeli Pruvost, unamkumbuka? Mnakili wake. Anafundisha watoto solfeji, kusoma noti, huku Nogent. Atasimama pembeni ya kioo awaeleze wageni jinsi kazi ilivyofanywa."

Nikamwomba aniachie ile karatasi mpaka Jumapili ya sherehe, niagane nayo kidogo. Akasema, "Bila shaka, Madamu," akaniinamia.

Kesho yake nikaenda kuungama. Padri wetu sasa ni Padri Kerjean, Mbretoni wa pwani, anaendesha baiskeli, ana sauti ya mtu anayeita mashua. Nikaanza palepale pa zamani.

"Nimesema uongo kuhusu marehemu mume wangu."

"Uongo gani?"

Hili yule wa kwanza hakuuliza. "Uongo wa... kazi yake."

"Alikuwa hafanyi kazi?"

"Alifanya, Padri! Filamu thelathini na moja."

"Sasa uongo uko wapi, mama yangu? Nina watu sita nyuma yako na wote wana magoti mabovu."

Nikasema yote. Nilimsikia anavuta pumzi kwa pua. Hakunikemea. Aliuliza, "Huyo mwanamke yu hai?"

"Yu hai."

"Anakaa mbali?"

"Nogent."

"Nogent ni daraja moja tu," akasema. "Nenda, halafu urudi."

"Na Jumapili hii, Padri? Komunyo?"

"Hilo wewe unalijua kuliko mimi."

Jumapili ile, juma moja kabla ya sherehe, nilibaki kwenye benchi watu wote wakipanda kupokea. Madamu Cauchois, ambaye sasa anatembea na fimbo, alirudi mahali pake akaniinamia sikioni. "Unaumwa? Umekunywa kahawa kabla ya Misa, eh? Mzee mwenzangu, tumbo limekushinda?" Nikamwambia ndiyo. Kumbe bado nina akiba ya uongo mdogomdogo.

Nikamwandikia Solange barua, mistari mitatu. Akaja Alhamisi saa tisa, siku tatu kabla ya sherehe.

Alikuwa amekuwa mdogo, au mlango wangu ni mkubwa. Nywele nyeupe zimekatwa fupi, miwani ileile ya duara, glavu za sufu. Akatazama meza.

"Umebadilisha kitambaa," akasema.

"Kile kingine ulikitia wino."

"Tone moja! Mwaka wa hamsini na nne. Ulininunia mpaka Krismasi."

"Mpaka Epifania," nikasema, na tukacheka wote wawili, Mungu anisamehe, tukacheka. Nikammiminia kahawa. Alikunywa bila sukari, kama zamani.

"Watoto wangu wanaupiga," akasema. "Ule wa mwisho. Kwa zile filimbi za plastiki. Madamu Rouvier, paka akikanyagwa mkia ana adabu zaidi. Jumapili watapanga mstari wote mlangoni waupige mbele ya meya."

"Na wewe utasimama pale."

"Nimeambiwa nieleze jinsi Bwana Rouvier alivyofanya kazi. Hilo naliweza."

"Wale watoto huwaambii?"

"Niwaambie nini?" Aligeuza kikombe kwenye kisahani. "Mwenyewe alitaka lifutwe. Nilimheshimu mtu yule kuliko baba yangu. Nilijiambia, Solange, kama yeye anayesikia noti iliyopungua kutoka chumba cha pili amesikia ule wimbo na akaona hustahili kuweka jina, basi hustahili. Nikafunga kalamu. Sikulia, usidhani. Nina wanafunzi wazuri."

Nilikuwa nimepanga maneno tangu Jumapili. Yote yakapotea. Nikainuka, nikafungua kabati, nikaleta ile karatasi nikaiweka mbele yake. Nikasema, nimesimama, kwa sababu kukaa kulinishinda:

"Solange, Anselme hakusema lifutwe."

Akanitazama.

"Jumanne ile ulipomaliza kupiga. Uliniuliza amesemaje, nikakwambia amesema inafaa. Hakusema inafaa. Alisema, 'Mwambie aandike jina lake.' Na mimi nikatoka chumbani na neno hilo mdomoni nikalimeza. Ulipoliacha kwa penseli, nikalifuta. Mimi. Kwa mkate. Na pale makaburini nikakudanganya. Yeye hakukukana hata kidogo. Ni mimi."

Alivua miwani, akaifuta kwa pindo la shali, akaivaa. Akaichukua ile karatasi, akaenda nayo dirishani, akailaza kwa mwanga wa upande, kama alivyokuwa akifanya zamani kutafuta kasoro za karatasi. Nilisogea. Chini ya ule mwandiko wangu wa shuleni, penseli yenyewe haipo, lakini ilikuwa imebonyeza. Ukiilaza hivi, unaona. S, halafu P, halafu zile herufi ndogo. Miaka ishirini na miwili nimeiweka kati ya mashuka na sikuwahi kuilaza kwa mwanga.

"Kwa maneno hayo?" akauliza. Sauti ilikuwa ya chini. "Aliyasema hivyo hivyo?"

"Hivyo hivyo. 'Mwambie aandike jina lake.' Na kabla ya hapo nikamwambia ni Solange, naye akasema, 'Najua ni Solange.'"

"'Najua ni Solange,'" akarudia.

"Ndiyo."

"Na nilipokuwa nimesimama pale mlangoni ulikuwa umeshasikia."

"Nilikuwa nimeshasikia."

Nje pale mtoni wapiga makasia walikuwa wanapita, yule anayewahesabia akipiga kelele, moja, mbili. Solange alisikiliza mpaka wakapotea. Nikasema mambo mengi wakati ule, mengine sikumbuki. Nilimwambia nitasema na Bwana Daubresse. Nilimwambia fedha zilizoingia kwa ajili ya ule wimbo nitazirudisha zote, na nilipolisema nikaona jinsi lilivyo jepesi, fedha ningeweza kuzirudisha. Nilikuwa nimeandaa kalamu na chupa ya wino mezani tangu asubuhi. Nikavisukuma kwake.

"Liandike," nikasema. "Pale pale. Likate langu, uandike lako. Nakuomba. Jumapili watu walikute."

Solange alirudi mezani. Akaiweka karatasi chini, akainyoosha kwa viganja viwili. Akaitazama kalamu. Mkate wangu ulikuwa pale kwenye ubao, mzima, nilikuwa sijaukata, nao aliutazama.

"Siku ile, uliuchora msalaba kwanza?" akauliza.

"Niliuchora."

Akaitikia kwa kichwa polepole, kama mtu aliyepewa jibu la hesabu. Akavaa glavu, kidole kwa kidole. Kisha akaichukua ile kalamu, akazunguka meza, akaiweka upande wangu, nibu ikinielekea, niandike mimi, na ile chupa ya wino kando yake, na ile karatasi akaisogeza mpaka ikagusa aproni yangu.

"Solange," nikamwita. "Jumapili utakuja? Niambie tu utakuja."

Alifungua mlango mwenyewe, akashuka ngazi.